Kima kwa kuskusi: Chakula cha Moroko katika majiko ya Thika na Ruiru

Neno kima lina maana tatu katika Kiswahili, na mgeni asiyezijua zote aweza kulala na njaa. Kima ni mnyama wa mwituni, jamaa wa tumbili. Kima ni bei au kiwango, na ndiyo sababu kila Sikukuu ya Wafanyakazi twasikia habari za kima cha chini cha mshahara. Na kima, kwa watu wa Mombasa, Malindi na Lamu, ni nyama iliyosagwa. Mtu wa bara akisoma ubaoni katika hoteli ya Pwani kwamba leo kuna kima kwa chapati, hana lawama akisita kidogo kabla ya kuvuta kiti.

Huku Thika na Ruiru twaiita nyama ya kusaga, na wengi wetu huijua ndani ya sambusa tu. Twanunua sambusa kituoni, twaila tukingoja matatu ijae, na habari yake hukomea hapo. Makala haya yanataka kuitoa nyama hiyo ndani ya sambusa, kuitia viungo kama watu wa Moroko, na kuipakua juu ya kuskusi. Nia si kuiga wageni kwa sababu tu ni wageni. Kuna jambo la nyumbani kwetu ndani yake, nalo ni ugawaji wa nyama.

NANI HUPATA NYAMA

Tuseme kweli. Katika nyumba nyingi za kaunti hii ya Kiambu, nusu kilo ya ng'ombe iliyokatwa mapande huleta uchungu mezani. Watu ni saba. Mapande makubwa yanakwenda kwa baba, moja kwa mgeni kama yupo, wavulana wakubwa wanajua kuchota upesi, na mtoto wa mwisho anaambiwa kwamba mchuzi ndio wenye nguvu. Mama anachukua mfupa, na kusema kwamba ndio aupendao.

Desturi za zamani za Wakikuyu zilikuwa na mpango wake. Mbuzi akichinjwa, kila sehemu ina mwenyewe: kuna ya wazee, ya wanawake, ya vijana na ya watoto, na hakuna aliyeondoka mikono mitupu. Lakini mpango huo ulitungwa kwa mbuzi mzima. Haukutungwa kwa nusu kilo iliyopimwa kwenye mizani mwisho wa mwezi.

Kisha kuna nyama isiyofika nyumbani kabisa. Jioni za Jumamosi moshi wa nyama choma hupaa kando ya barabara kutoka Githurai mpaka Makongeni, na walioketi pale, kwa sehemu kubwa, ni akina baba. Sisemi wasile. Nasema tu kwamba mtoto anayemngoja baba nyumbani husikia harufu ile nguoni mwake, naye amekula sukuma wiki.

Nyama ya kusaga haina mapande ya kugombaniwa. Ikishapikwa na vitunguu, nyanya na viungo, ikamwagwa juu ya chakula kinachonyonya mchuzi, kila kijiko kinakuwa na nyama yake, kijiko cha mzee na kijiko cha mtoto wa miaka minne. Ndiyo sababu naipenda. Ugali hauifai sana, maana huteleza juu ya tonge. Wali unaifaa. Lakini kuskusi inaifaa kuliko vyote.

MSAFIRI WA TANGIER

Moroko ni mbali, lakini si nchi ambayo hatukuwahi kula nayo. Ibn Battuta, msafiri maarufu aliyezaliwa Tangier mwaka 1304, alifika pwani yetu mwaka 1331, akapita Mogadishu, Mombasa na Kilwa. Yeye hakuwa mtu wa kusahau alichokula. Wa Mogadishu walimwandalia wali uliopikwa kwa samli katika sahani kubwa ya mti, na juu yake vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga. Walimletea ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, na maziwa ya mgando pamoja na achari ya ndimu, ya pilipili, ya tangawizi mbichi na ya maembe. (Pilipili hizo si hizi kali za leo, ambazo zilitoka Amerika baada ya 1492.) Akaongeza kwamba mtu mmoja wa huko hula kiasi cha watu kadhaa wa kwao, na kwamba ni wanene mno. Kuhusu Mombasa aliandika kwamba chakula chao kikubwa ni ndizi na samaki.

Hakutaja kuskusi pwani kwetu. Aliitaja miaka mingi baadaye, alipovuka jangwa la Sahara mwaka 1352 kwenda Mali, na huko akaona kuskusi iliyotengenezwa si kwa ngano bali kwa fonio, nafaka ndogo sana ya Afrika Magharibi. Shika neno hilo, msomaji, maana tutalirudia.

KUSKUSI NI NINI

Wengi wanaoiona kuskusi ya boksi katika maduka makubwa ya Thika hudhani kwamba ni mbegu fulani, au mchele wa kimo kifupi. Sivyo. Kuskusi haioti shambani. Hutengenezwa kwa ngano ngumu, ile ile itumiwayo kwa makaroni na spageti, ambayo husagwa kwa ukwaru ili ibaki chembechembe badala ya kuwa unga laini. Chembe hizo hunyunyiziwa maji ya chumvi, hutiwa unga laini kidogo, na kufikichwa kwa viganja mpaka zishikane kuwa punje ndogo za mviringo. Kisha huchekechwa. Zilizo kubwa mno hurudi kufikichwa, zilizo sawa huenda jikoni.

Jikoni hakuna kuchemsha. Chungu cha Wamoroko kina ghorofa mbili. Chini huchemka nyama na mboga, na juu, katika chombo chenye matundu, hukaa kuskusi ikipokea mvuke wenye harufu ya mchuzi. Maungio ya vyombo viwili huzungushiwa kitambaa kilicholowekwa katika uji wa unga, ili mvuke usitoroke pembeni. Chombo cha juu hakifunikwi, kwa sababu ukikifunika matone hurudi chini na punje hugandana. Baada ya muda kuskusi humwagwa katika sinia pana, hunyunyiziwa maji, hupakwa samli au mafuta, na kufumuliwa kwa vidole mpaka lisibaki donge. Hurudi juu ya mvuke. Hutoka tena, hunyunyiziwa tena, na wapishi wakali huirudisha mara ya tatu. Punje huvimba polepole, kila moja peke yake. Mtu akiitosa kuskusi mbichi katika maji yanayotokota kama mchele, atakula uji.

Kwa Wamoroko hiki ni chakula cha Ijumaa, baada ya sala ya adhuhuri, na familia nzima hukizunguka katika sahani moja kubwa. Si chao peke yao. Desemba 2020 shirika la UNESCO liliiingiza kuskusi katika orodha ya urithi wa utamaduni wa binadamu, kwa ombi la pamoja la Aljeria, Mauritania, Moroko na Tunisia. Moroko na Aljeria hazipatani kwa mengi, na mnamo Agosti 2021 Aljeria ilivunja uhusiano wa kibalozi na jirani yake. Lakini ombi la kuskusi waliliandika pamoja.

Yapasa pia kusema wazi kwamba Mmoroko wa kawaida hula nyama ya kusaga, aiitayo kefta, kwa mkate. Huiviringa kuwa vidonge, huipika na nyanya katika chungu cha udongo kiitwacho tajini, na mara nyingi huvunjia mayai juu yake. Kuskusi yake huwekewa mapande ya nyama na mboga. Kuikutanisha kefta na kuskusi sahani moja ni mtindo wa majiko ya ng'ambo, ambako watu wana haraka. Sisi nasi tuna haraka, na sioni kwa nini tuogope ndoa hiyo.

SUJI NA UNGO

Kuskusi ya boksi imekwisha kupikwa kwa mvuke kiwandani na kukaushwa. Haihitaji ila maji ya moto: kikombe kimoja cha kuskusi kwa kikombe kimoja cha maji, chumvi kidogo na kijiko cha mafuta, funika dakika tano, kisha fumua kwa uma. Kwa mama afanyaye kazi Nairobi, anayeshuka Ruiru saa mbili usiku, hilo si jambo dogo. Barabara ya Thika ilipanuliwa kati ya 2009 na 2012, na Rais Mwai Kibaki akaifungua mnamo Novemba 2012. Lakini upana wa barabara haujampa mtu saa ya ziada jikoni. Chakula kisichohitaji kusongwa wala kukandwa kina heshima yake. Hata gesi au makaa hutumika kidogo.

Ubaya wake ni bei. Boksi hutoka ng'ambo na huuzwa kwa bei ya kitu cha anasa, na mwenye watoto watano akilinganisha na paketi ya unga wa mahindi atalirudisha kwenye rafu. Huyo namshauri aende duka la Mhindi.

Reli ilifika Thika mwaka 1913, na wafanyabiashara wa Kihindi wakaja na reli. Tangu hapo mji huu haujakosa duka lenye magunia ya viungo mlangoni. Humo utapata suji, ambayo ni ngano iliyosagwa kwa ukwaru, nao huipikia halua na upma. Suji ya dukani aghalabu si ya ile ngano ngumu ya Moroko, kwa hiyo punje zake hazitakuwa imara vile, lakini kazi inafanyika.

Chukua vikombe vitatu vya suji, uimwage katika sinia kubwa au ungo safi, ule Wakikuyu wauitao gitaruru. Chovya vidole katika maji yenye chumvi, unyunyize kama anayebariki, kisha zungusha kiganja juu ya suji, kwa wepesi, bila kukandamiza. Nyunyiza kijiko cha unga wa ngano, zungusha tena. Utaona chembe zikianza kushikana mbili mbili, tatu tatu. Maji yakizidi, unapata donge la chapati. Yakipungua, unabaki na vumbi. Mkono uliozoea kupepeta maharagwe hujifunza upesi kuliko mkono uliozoea kalamu. Kisha chekecha kwa chungio la matundu ya wastani.

Kwa mvuke, si lazima kununua chungu cha ghorofa mbili. Tafuta chujio la bati au aluminiamu linaloketi vizuri mdomoni mwa sufuria, ulitandike kitambaa chepesi cha pamba kilichooshwa bila sabuni yenye harufu. Maji ndani ya sufuria yasiguse chujio. Kile kitambaa cha uji wa unga cha kuzungushia maungio, usikipuuze. Mvuke ukitoroka pembeni, utakaa jikoni mpaka usiku wa manane.

Dakika ishirini za kwanza, toa, nyunyiza maji, paka mafuta, fumua. Ishirini nyingine, rudia. Ishirini za mwisho, kuskusi iko tayari. Ni kazi ya Jumapili, si ya Jumatano.

NYAMA NA UAMINIFU

Sasa nyama. Nilikipika chakula hiki kwa dada yangu Ruiru, siku ambayo mjomba wetu alikuwa amekuja kutoka Gatundu. Mjomba ni mzee wa mambo ya zamani. Aliitazama sahani muda mrefu.

"Mwanangu, huu ni mchanga wa mto gani?"

"Ni ngano, mjomba. Onja kwanza."

"Na nyama hii, mbona haina mfupa? Nyama isiyo na mfupa, mtu atajuaje imetoka kwa mnyama gani?"

Dada akamjibu kwamba alisimama mwenyewe mbele ya mashine ikisagwa. Mjomba akaridhika, akala sahani mbili, na jioni akadai ugali.

Swali lake halikuwa la utani. Pande la nyama lina mfupa, lina mafuta, lina rangi na nyuzi, na mnunuzi mzoefu hulisoma kama barua. Ikisagwa, barua imechanwa. Julai 2019 kipindi cha televisheni hapa Kenya kilionyesha jinsi nyama inavyotiwa kemikali iitwayo sodiamu metabaisalfaiti ili iliyokaa siku nyingi ionekane nyekundu kama ya leo, na kwa miezi watu waliziogopa rafu za nyama. Habari za punda kuchinjwa kwa siri nazo zimekuja na kwenda. Katika yote hayo, nyama ya kusaga ndiyo rahisi kuliko zote kufichia uovu.

Kwa hiyo usinunue iliyokwisha kusagwa. Ingia buchani asubuhi, chagua pande mwenyewe, la mkono au la paja, lenye mafuta kidogo, na hakikisha kuna muhuri wa mkaguzi kwenye mzoga. Kisha sema kwa upole, "Ndugu, nisagie hii hapa, na tafadhali futa mashine kwanza." Mwuza nyama mwema hakasiriki. Akikasirika, umejua la kujua. Mwislamu wa Majengo atatafuta bucha la halali kama kawaida yake, na neno la mashine linamhusu yeye vile vile, maana mashine iliyosaga nyama nyingine haina dini.

Kuna sababu nyingine ya haraka. Vijidudu hukaa juu ya nyama, na mashine huvichanganya ndani kote. Pande laweza kukaa friji siku mbili tatu. Nyama ya kusaga ipikwe siku ile ile, tena iive mpaka ndani. Asiye na friji asiipeleke mpaka jioni.

KICHWA CHA DUKA

Wamoroko wana mchanganyiko wa viungo uitwao ras el hanout, maana yake kichwa cha duka: vile vilivyo bora kuliko vyote alivyo navyo mwenye duka, pengine aina ishirini au zaidi. Sisi tuna kitu cha jamaa hiyo. Fungua paketi ya masala ya pilau: jira, pilipili manga, mdalasini, iliki, karafuu. Vyote hivyo vimo pia katika kichwa cha duka. Kinachoongezwa ni manjano, tangawizi kavu, na ile pilipili nyekundu isiyo kali, paprika, ambayo siku hizi haikosekani Thika. Mtu apikaye pilau ya harusi hana jambo kubwa la kujifunza kutoka Fez.

Kwa watu sita au saba, chukua nusu kilo ya nyama ya kusaga, vitunguu maji viwili vikubwa, punje nne za kitunguu saumu, kipande cha tangawizi mbichi urefu wa kidole gumba, nyanya nne zilizoiva, karoti mbili, pande la malenge, na kikombe cha dengu zilizolowekwa usiku na kuchemshwa zikaiva. Nasema dengu zile kubwa za rangi ya maziwa ambazo Wahindi huziita chana, si ndengu za kijani za Ukambani. Viungo: vijiko viwili vya chai vya jira ya unga, kimoja cha paprika, nusu ya mdalasini, nusu ya manjano, nusu ya pilipili manga. Zabibu kavu, konzi moja. Dania, fungu moja. Ndimu.

Kosa kubwa la majiko yetu ni kuitia nyama ya kusaga katika vitunguu vibichi na kuifunika. Hutoa maji, huchemka katika maji yake, na kuwa ya kijivu kama simenti. Pasha sufuria pana mpaka iwe moto hasa, tia mafuta kidogo, tandaza nyama, na uiache. Usiikoroge kila dakika kama uji. Ikishika rangi ya kahawia chini, geuza, vunja madonge kwa mwiko, iache tena. Maji yakauke kabisa mpaka usikie mlio wa mafuta. Hapo ndipo ladha ilipo. Itoe pembeni.

Katika mafuta yale yale kaanga vitunguu mpaka vilainike, tia saumu na tangawizi, kisha viungo vyote vya unga. Dakika moja inatosha, maana manjano na jira huungua upesi na kuwa vichungu. Nyanya zifuate, zipondeke ziive. Rudisha nyama, tia karoti na malenge yaliyokatwa vipande vidogo, dengu, chumvi, na kikombe kimoja na nusu cha maji au supu. Funika, moto uwe mdogo, dakika ishirini na tano. Zabibu ziingie dakika kumi za mwisho.

Watakuwapo watakaouliza zabibu zatafuta nini katika nyama. Utamu ndani ya chakula cha chumvi ni desturi ya Moroko: huko hutia squash, zabibu, tende na aprikoti kavu. Mwenye kukosa zabibu, au mwenye kuona ni ghali, akumbuke aishipo. Mananasi ya Thika yamejaa kando ya barabara. Kata vipande vidogo vya nanasi lisiloiva sana, konzi moja tu, uvitie dakika tano kabla ya kuepua. Mmoroko hatalitambua, lakini nina hakika angeomba tena.

Mchuzi ubaki wa kutosha. Nyama ikauke kama ya sambusa, kuskusi italalamika.

MEZANI

Pakua kuskusi katika sinia moja kubwa, ifanye kilima, chimba shimo kileleni, na humo mimina nyama na mboga. Mchuzi uuzungushe pembeni taratibu. Dania iliyokatwakatwa juu, ndimu kando. Watu wa Pwani hawahitaji kufundishwa kula sinia moja. Wa bara wanaopenda sahani zao wapewe sahani zao. Mkiketi kuzunguka sinia, kila mtu hula upande ulio mbele yake, na hakuna wa kusema kwamba pande la fulani ni kubwa.

Kuhusu kinywaji, hapa Ruiru haina sababu ya kuona wivu. Wamoroko hunywa kuskusi yao kwa maziwa ya mgando waliyoyatoa siagi, yaitwayo lben. Ni jamaa wa maziwa lala yetu. Kiambu ni nchi ya ng'ombe wa maziwa, na Ruiru ina kiwanda kikubwa cha maziwa ndani ya mji. Bilauri ya lala baridi kando ya kuskusi yenye jira na mdalasini inapita soda yoyote. Kahawa nayo ije baadaye. Mji uliompa mkulima aina ya Ruiru 11 katika miaka ya 1980 haustahili kumaliza mlo kwa majani ya chai peke yake.

NENO LA FONIO

Tulisema tutairudia fonio ya Ibn Battuta. Kenya hailimi ngano ya kujitosheleza. Sehemu kubwa ya tunayokula huja kwa meli, na vita vya Ukraine vilipopamba moto Februari 2022, bei ya mkate na unga wa chapati ilipanda mpaka Kiandutu. Kuskusi ya ngano ina kamba hiyo hiyo shingoni. Lakini Wasenegali huifanya kuskusi kwa uwele, kila siku, bila kungoja meli ya mtu.

Uwele, wimbi na mtama vilikuwa nafaka za Wakikuyu kabla mahindi meupe hayajatwaa mashamba wakati wa ukoloni. Leo twavikumbuka katika uji tu. Unga wa uwele au wa mtama, uliosagwa kwa ukwaru kidogo, hukubali kunyunyiziwa na kufikichwa ungoni kama suji, ila mkono uwe mwepesi zaidi, maana hauna ule mnato wa ngano. Mvuke wake pia ni mara mbili au tatu. Punje hutoka nyeusi kidogo, zina harufu ya ghala la nyanya, na mchuzi wa nyama huupokea vizuri sana. Mjomba wa Gatundu hajaionja bado. Nina matumaini naye.

Nyama ikibaki, irudishe motoni peke yake mpaka mchuzi ukauke, kanda manda, na asubuhi watoto wabebe sambusa shuleni. Kuskusi ikibaki, iweke baridi katika bakuli, uimwagie maziwa lala na sukari kidogo. Mitaani Moroko huuzwa hivyo hivyo wakati wa joto, nao huiita saykouk.